Kuosha Picha Ndani ya Nyumba

Mishomoroni, hapa Mombasa, bado twasema picha huoshwa. Maji yaliondoka katika kazi hiyo zamani, pamoja na chumba cha giza, mabeseni ya dawa na yule fundi aliyekuwa akitoka humo akifikicha macho kama aliyeamshwa. Lakini mtu akitaka picha zilizo ndani ya simu ziwe karatasi, huuliza zaoshwa wapi na kwa pesa ngapi. Kwa hivyo dada yangu aliponipigia simu, mwezi mmoja baada ya harusi ya bintiye, akasema ameamua kuosha picha mwenyewe nyumbani, nilielewa kwamba anataka kununua printa na kwamba mimi ndiye nitakayeibeba kutoka mjini.

Aliniomba pia niikague, kwa kuwa katika familia yetu mtu aliyewahi kuandika gazetini huhesabiwa fundi wa kila kitu chenye wino. Hapo pakawa na tatizo. Picha alizotaka kuosha nyingi ni za usiku wa kupamba, sherehe ya wanawake pekee. Simu zilikusanywa mlangoni, kazi ya kamera akapewa mpigapicha wa kike, na kulipokucha kadi ya kumbukumbu ikawa mikononi mwa dada, imefungwa ndani ya kitambaa kama hirizi. Mimi ni mjomba wa bibi harusi. Yeye na mamake naweza kuwaona. Nyuma yao lakini kuna majirani kutoka Mlaleo hadi Bakarani, nywele zimesukwa, nguo zimeng'ara, buibui zimetundikwa chumba cha pili. Basi nikawa mkaguzi wa picha asiyeruhusiwa kuona picha. Baada ya mashauriano ya siku mbili nikapewa kumi na mbili zilizopitishwa. Zilizobaki dada alizikagua mwenyewe na kuniletea matokeo kwa mdomo, mimi nikiwa barazani.

Uchambuzi wa printa, popote utakapousoma, huuliza picha itatoka vipi. Nyumba hii ilikuwa na swali la kutangulia: ikiwa njiani kutoka, itaonwa na nani? Swali hilo liligeuza majibu ya mengine yote, na nitalirudia. Kwanza tumalize habari ya sanduku.

Juu ya sanduku kuna namba mbili kubwa. Ya kwanza, 5760 kwa 1440, ni nukta ambazo kichwa cha printa chaweza kulenga ndani ya inchi moja. Ni kweli, na haikusaidii kitu. Jicho la mtu aliyeshika picha mkononi huridhika na pikseli 300 hivi kwa inchi. Picha ya sentimita 10 kwa 15, ile iliyozoeleka kwenye albamu, inataka pikseli 1,200 kwa 1,800, yaani megapikseli mbili na kidogo, na simu janja ya bei rahisi kabisa inayouzwa leo Kongowea ina zaidi ya hapo. Kujaza karatasi ya A4 kunahitaji karibu megapikseli 9. Kinachozikondesha picha zetu ni njia zinazopitia: WhatsApp ikiachwa ijiamulie huipunguza picha hadi upande wake mrefu ubaki na pikseli 1,600 hivi. Kwa albamu zatosha. Kwa A4 zinakuwa pikseli 137 kwa inchi, na hapo nyusi za bibi harusi, zilizochukua saa nzima kuchorwa, huonekana kama zilichorwa kwa mkaa. Anayetumiwa picha ya kuchapa aombe itumwe kama faili, au aletewe kadi yenyewe.

Namba ya pili ni kurasa 7,500 kwa wino wa rangi. Kurasa hizo hupimwa kwa nyaraka: barua, jedwali, mchoro mdogo wa rangi, na nyeupe tele pembeni. Picha ya harusi haina nyeupe tele, ukiondoa kanzu, na hata kanzu kwa printa ni vivuli. Kwa picha, tafuta hesabu ya picha. Epson, kwa mfano, kwa printa yake ya L805 yenye wino sita, ilitaja picha 1,800 za 10 kwa 15 kwa seti moja ya chupa sita za mililita 70. Ukigawanya ni chini ya robo mililita kwa picha. Nitaitumia hesabu hiyo mbele, ingawa ni ya kiwanda, na kiwanda hakijui kukatikiwa na stima.

Ndani ya vichwa vya printa kuna koo mbili kubwa. Canon na HP huuchemsha wino ghafla hadi povu lisukume tone nje ya kitundu. Canon wenyewe husimulia kwamba wazo hilo lilianza mwaka 1977, pale chuma cha kulehemu kilipoigusa kwa bahati sindano ya bomba lenye wino. Epson hutumia fuwele inayojikunja ikipitiwa na umeme, ikausukuma wino bila kuupasha moto. Kwenye picha mtu wa kawaida hataona tofauti. Ataiona kwa fundi. Kichwa cha joto huchakaa, na kwenye mashine nyingi hung'oka kikabadilishwa. Cha fuwele huishi miaka, lakini kikiziba kabisa fundi hukutajia bei inayokaribia ya mashine, kisha hunyamaza ili ufikirie.

Lililotushughulisha zaidi ni idadi ya rangi. Printa nyingi za matangi zinazouzwa kwa ajili ya nyumba na ofisi zina wino wa aina nne: sayani, majenta, manjano na nyeusi. Za picha huongeza sayani hafifu na majenta hafifu. Sababu yake ni sehemu nyepesi za picha. Tone kali la majenta likiangukia karatasi nyeupe peke yake huonekana, na matone hayo yakiwa mengi shavuni uso huwa kama una harara. Tone hafifu hujificha. Ukubwa wa tone nao una neno. L805 hushuka hadi pikolita 1.5, printa ya ofisi ya namna ya L3250 huanzia takriban 3. Pikolita ni sehemu moja ya trilioni ya lita, kwa hivyo ubishi huu husikika kama wa wanazuoni, mpaka uangalie shavu la mtoto mchanga.

Dada alichagua ya rangi sita. Kampuni sitaitaja, kwa kuwa baadhi ya makosa yatakayofuata yalikuwa yetu.

Wakaguzi wa nchi nyingine wana karatasi yao ya kupimia: vipande vya rangi, ngazi ya kijivu, bakuli la matunda. Pwani hatuihitaji. Picha moja ya familia iliyopigwa mlangoni, saa kumi jioni, baada ya nikahi, ina mitihani yote. Katika zile kumi na mbili zangu ilikuwamo moja ya namna hiyo, na niliichapa mara tisa.

Buibui ni mtihani wa weusi. Kwa macho, kitambaa kile kina mikunjo, kina nakshi ya uzi mweusi juu ya kitambaa cheusi mikononi, kina mng'ao pale jua linapopiga bega. Printa dhaifu huyafuta yote ikaacha shimo lenye umbo la mtu. Hapa kuna jambo ambalo sanduku halisemi. Baadhi ya mashine za wino nne hubeba wino mweusi wa chembe kwa ajili ya maandishi, na wino huo haushiki vizuri kwenye karatasi ya kung'aa. Basi kwenye picha mashine huuacha, ikachanganya rangi tatu zilizobaki ili ipate kitu kinachofanana na nyeusi. Buibui hutoka la kahawia mchana na la kijani chini ya taa ya usiku. Kwa hiyo picha ya majaribio hutazamwa mara mbili: mlangoni kwenye mwanga wa jua, na ndani taa ikiwa imewashwa. Ya kwetu ilifaulu mchana, na usiku ikaegemea zambarau kidogo sana, jambo ambalo nililiona mimi peke yangu na nikaambiwa ni miwani.

Kanzu ni mtihani wa upande wa pili. Printa haina wino mweupe. Nyeupe yote ni karatasi iliyoachwa wazi. Darizi ya shingoni, iliyo nyeupe juu ya nyeupe, hubebwa na vivuli hafifu mno vya kijivu, na hapo ndipo zile rangi mbili hafifu zinapolipa nauli yake. Tazama pia kofia iliyoshonwa kwa mkono. Vile vijitundu vyake ama huonekana kimoja kimoja, ama kofia hugeuka bakuli la plastiki.

Halafu leso. Nyekundu ya leso ni kali kuliko nyekundu nyingi ambazo wino waweza kuzifikia, na printa ikishindwa huigeuza chungwa au waridi. Ukitaka kuhakikisha, lete leso yenyewe uilaze kando ya picha. Nusu ya maduka ya leso ya Biashara Street imo makabatini mwetu, kifaa cha kupimia hakikosekani. Jina la leso, yale maneno yaliyochapwa juu yake, ndilo kipimo cha ukali wa herufi. La mama yetu lilisomeka bila taabu kwenye picha ya inchi sita. Sitaliandika hapa. Lilikuwa la kijembe, na aliyekusudiwa yumo kwenye picha hiyo hiyo, mstari wa nyuma.

Hina na piko nilizihukumu kwa haraka: ya kwanza ibaki na wekundu wake, ya pili ibaki nyeusi, na mistari isishikane. Zilipita.

Ngozi haikupita, siku ya kwanza. Kwa miongo mingi maabara za picha duniani zilirekebisha rangi kwa kutumia kadi ya Kodak yenye picha ya mwanamke mzungu, maarufu kama Shirley. Ngozi yake ikitoka sawa, mashine ilihesabiwa iko sawa, na sisi wengine tulitoka tulivyotoka. Kadi hiyo imestaafu. Ndani ya programu ya printa, hata hivyo, kuna kitu cha kuboresha picha ambacho mara nyingi huja kimewashwa tangu kiwandani, na wazo lake la ubora ni kutafuta nyuso na kuzing'arisha. Familia yetu yaanzia maji ya kunde na kwenda hadi weusi wa mpwa wangu mvuvi, ambaye jua la bahari limemkamilisha. Karatasi ya kwanza ilitoka sote tumesogea hatua mbili kuelekea maji ya kunde. Mama aliishika, akaigeuza, akauliza, "Mumenitia poda?" Tulikizima kitu hicho, tukachagua aina ya karatasi kwa jina lake halisi, na watu wakarudi walivyo. Mpwa wangu pekee ndiye aliyesikitika.

Hilo la kuchagua aina ya karatasi ndilo kosa linaloharibu picha nyingi kuliko ubovu wa mashine. Mtu hununua karatasi nzuri, akaacha mpangilio kwenye karatasi ya kawaida, na mashine ikamwaga wino kama inachapa barua ya mwenye nyumba. Kosa la pili ni kuchapa mgongoni mwa karatasi. Lowesha kidole, gusa pembe: upande wenye dawa hunata.

Mambo ya hewa sikuyatarajia, ingawa nimezaliwa humu. Hewa ya Mombasa ina maji mwaka mzima, na masika yanapoingia hata chumvi husahau kazi yake. Picha ya wino hutoka mashinini ikionekana kavu na haijakauka. Sisi ya kwanza tuliitia fremu jioni ile ile, na wiki mbili baadaye ilikuwa imegandamana na kioo. Tulipoibandua, bibi harusi aliacha shavu moja kule. Sasa dada huzitandaza kitandani siku nzima, karatasi ya kawaida juu yake, na fremu hununua zenye ukingo wa kadi unaoitenga picha na kioo. Karatasi ambazo hazijatumika nazo hunywa unyevu pakiti ikifunguliwa: hujikunja pembeni, na rola huvuta mbili pamoja. Zinalala ndani ya mfuko unaofungwa, pamoja na vile vipakiti vidogo vinavyokuja kwenye masanduku ya viatu, ambavyo sasa katika nyumba hii haviruhusiwi kutupwa.

Unyevu huo huo una fadhila yake moja, kwani huchelewesha wino kukaukia vitunduni. Stima huiharibu fadhila hiyo. Printa ikizimwa kwa kitufe chake, kichwa hurudi maegeshoni kikajifunika kwa kifuniko cha mpira. Stima ikikatika katikati ya ukurasa, au tokeni zikaisha, au mtoto akazima ukutani, kichwa hubaki kilipo, wazi. Tokeni zetu ziliisha usiku wa Jumamosi na hakuna aliyekumbuka mashine hadi Jumanne. Majenta ilikuwa imekauka nusu, na picha bila majenta huwa kijani: bibi harusi, mama yake, keki, wote. Tuliamuru mashine ijisafishe mara nne. Kila ikijisafisha hunyonya wino mzuri ikautema kwenye sifongo lililo chini yake, na ndani kuna hesabu inayotunzwa kimya kimya. Ikifika kikomo mashine hukataa kazi na kuwasha taa zote. Mafundi wana programu ya kurudisha hesabu hiyo sufuri. Sifongo lenyewe halirudi sufuri. Mashine nyingine za siku hizi zina kisanduku ambacho mtumiaji hukibadilisha mwenyewe, na swali hilo muulize muuzaji kabla ya kuuliza bei. Kuchapa bila ukingo mweupe nako hulisha sifongo hilo, kwa kuwa wino hurushwa kupita mwisho wa karatasi.

Kuhusu kudumu, usiamini mtu haraka. Mwaka 2000 Epson walitoa printa za Stylus Photo 870 na 1270 zikisifiwa kwa picha zenye maisha marefu, na baadhi ya wanunuzi wakaziona zikigeuka rangi ya chungwa ndani ya wiki chache. Ozoni ya hewani ilikuwa ikila sayani kwenye karatasi moja ya kung'aa. Tangu hapo wino na karatasi vimeboreka, lakini kanuni haijabadilika: wino wa rangi iliyoyeyuka, ambao ndio ulio katika printa nyingi za nyumbani, hupendeza zaidi kwenye karatasi ya kung'aa na hufifia mapema kuliko wino wa chembe, hasa picha ikiachwa wazi ukutani. Wino wa kujazia usio na jina unaouzwa kwa lita hufifia kabla ya ndoa. Albamu iliyofungwa ni salama zaidi kuliko ukuta. Ukutani kwa mama bado yuko babu, kwa nyeusi na nyeupe, aliyeoshwa kwa maji na dawa ya fedha kabla ya uhuru, na hajapoteza hata kifungo.

Sasa pesa. Bei hupanda na kushuka, kwa hivyo weka zako. Mimi natumia namba za mviringo. Tuseme mashine ni shilingi 45,000, chupa sita za wino ni 9,000, karatasi moja ya albamu ni 20. Kwa hesabu ya kiwanda wino ni shilingi 5 kwa picha, jumla 25. Tuseme studio ya barabarani inaosha kwa 50. Umeokoa 25 kwa picha, na mashine italipa gharama yake ukifika picha 1,800. Dada huchapa tano kwa wiki. Atafika baada ya wiki 360, karibu miaka saba, mradi tokeni zisiishe tena na picha kubwa za kijani zisihesabiwe. Tena studio itampa picha iliyo bora kidogo. Studio nyingi leo hutumia maabara kavu za kina Fujifilm na Epson, ambazo ndani yake mna kichwa cha wino kama hiki, ila kikubwa zaidi na chini ya mtu ambaye kazi yake ni hiyo. Atakayeniuliza anunue printa ya picha ili aokoe pesa, nitamwelekeza kituo cha matatu.

Dada alizipiga hesabu hizo kabla yangu. Alinisikiliza hadi mwisho kwa heshima, akasema, "Kaka, studio kuna mwanamume."

Hilo ni la zamani kuliko printa. Mombasa imekuwa na wapigapicha wake wa sifa. Studio ya N. V. Parekh iliwapiga watu wa mji huu kwa miongo kadhaa tangu miaka ya 1940; Lamu alikuwako Omar Said Bakor, aliyekata na kuunganisha picha kwa mkono hadi watu wakachanua pasipo na mti; Likoni, miaka ya 1990, vibanda vya karibu na kivuko vilikuwa na mapazia ya kuchorwa ambayo mtu angeweza kusimama mbele yake akawa amesafiri. Kote huko mteja aliondoka na karatasi, na mwenye studio akabaki na negativu. Mwanamke aliyejipamba kwa ajili ya mume, au kwa ajili ya nafsi yake, alikuwa na nakala yake kwenye sanduku la mtu mwingine. Leo negativu imekuwa faili kwenye kompyuta ya saiba, folda yenye jina "harusi mpya 2", na kijana wa zamu ana simu.

Sheria ipo. Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 inahesabu picha ya mtu kuwa data yake, na mwaka 2023 Ofisi ya Kamishna wa Ulinzi wa Data iliitoza shule moja shilingi 4,550,000 kwa kuchapisha picha za wanafunzi wadogo bila idhini ya wazazi. Lakini faini huja picha ikishasambaa, na mtaani kwetu picha haihitaji kusambaa mbali. Kutoka saiba hadi duka la mume wa mtu ni hatua mia mbili.

Ukiipima printa kwa lile swali la nani ataiona picha, alama zinahama. Mimi, kwa ajili ya hewa na stima yetu, nilikuwa nimemshauri asinunue ya wino kabisa bali ile ndogo ya joto, ya namna ya Canon Selphy. Haina vitundu vya kuziba. Yaweza kulala miezi sita ikaamka salama. Hupitisha karatasi mara nne chini ya utepe, manjano, majenta, sayani, kisha utando wa kuikinga, na picha hutoka kavu kweli. Gharama yake hujulikana mapema kwa kuwa utepe na karatasi huuzwa pamoja. Ningemshinda kwa hoja, kama nisingetaja, kwa ajili ya uaminifu tu, kwamba rangi inayotoka kwenye utepe huacha nafasi yake. Utepe uliokwisha tumika, ukiukunjua mbele ya dirisha, una kila picha uliyochapa, rangi baada ya rangi, giza na mwanga vimebadilishana, nyuso zikitambulika wazi. Picha 36 za usiku wa kupamba zingekuwa ndani ya kibweta cha plastiki kwenye jaa la Mishomoroni. Dada aliniangalia. "Hapana," akasema, na mazungumzo ya Selphy yakaishia hapo.

Printa ya wino haiachi kitu cha namna hiyo. Kilicho kwenye sifongo ni tope la rangi zote. Kumbukumbu yake ya muda hufutika ikizimwa. Upenyo uliobaki ni wa kawaida: programu ya simu inayotaka ufungue akaunti na kupitisha picha kwenye seva ya kampuni, ambayo tuliiepuka kwa kutumia waya, kompyuta iliyoazimwa, ambayo kijana mwenye nayo angeitaka tena, na karatasi zilizoharibika. Hizo za mwisho ndizo zilizomnyima dada usingizi. Zile za kijani peke yake zilikuwa kumi na nne, na zote zilikuwa za watu walioacha buibui chumba cha pili.

Ijumaa baada ya alasiri ndio wakati wake wa kuchapa, picha tano au sita, ili vitundu visikauke. Jirani wawili watatu huja na kadi zao ndani ya vitambaa. Mlango hufungwa, mimi hubaki barazani na kahawa, nasikia kichwa kikienda na kurudi na mara moja moja kicheko. Ijumaa iliyopita dada alitoka na ndoo. Zilikuwa zile zilizoharibika, amezikata vipande na kuzilowesha tangu asubuhi. Karatasi ya bei rahisi haina ukaidi, wino wote ulikuwa umeshuka. Alimwaga maji chini ya mwarobaini, yalikuwa zambarau iliyoiva, akashika kipande kimoja juani kukihakikisha. Kilikuwa cheupe pande zote mbili. Kisha akanituma mjini, karatasi za kung'aa, gramu 230, pakiti mbili.